Kwa nini ndege wenye mabawa wajibane kwenye ukuta wa mawe?

Swali: Mimi ni mwalimu wa jiografia, sekondari moja mkoani Geita. Niliwaonyesha wanafunzi wa kidato cha pili video ya kisiwa cha Prince Leopold kule kaskazini mwa Kanada, kisiwa kisichokaliwa na mtu ambacho kuta zake zimejaa ndege. Mmoja akauliza: ndege ana mabawa, anaweza kwenda popote, kwa nini ajibane kwenye mawe na baridi ile? Mwingine alishtuka kuona kinda anajirusha baharini kabla hajajua kuruka, akataka kujua kama wazazi wake wamemchoka. Na mimi nina langu: kisiwa hakina mtu, kiko upande wa pili wa dunia, kina habari gani kwetu?

Jibu: Mwalimu, pokea salamu zangu na uwafikishie vijana wako. Nitaanza na lile la kwanza, maana likikaa sawa hayo mengine yatajileta yenyewe. La kinda nitaliweka mwisho kwa sababu ndilo ninalolipenda.

Kwanza tukione kisiwa. Kiko nyuzi 74 kaskazini, katika jimbo la Nunavut, pale mlangobahari wa Lancaster unapopokea mkono mrefu wa bahari uitwao Prince Regent. Ukubwa wake ni kilomita za mraba kama 68. Umbo lake ni la meza: juu tambarare, kokoto na upepo, na pembeni kuta zinazoshuka wima zaidi ya mita 240 mpaka majini. Chukua jengo refu kuliko yote Dar es Salaam, ongeza nusu yake juu, bado hujafika ukingoni. Makazi ya watu yaliyo karibu ni Resolute, kijiji cha watu mia chache, wengi wao Wainuit, wenyeji wa asili wa kule, na hapo pana kilomita kama 160 za bahari, ambayo sehemu kubwa ya mwaka ni barafu.

Jina lake lina kisa kidogo. Mwaka 1819 nahodha Mwingereza William Edward Parry alipita akitafuta njia ya meli kwenda Asia kwa kuzunguka kaskazini ya Amerika, akawa anagawa majina ya wakubwa kila alipoona ardhi, kama walivyofanya wenzake kwenye maziwa yetu. Hapa alimtunuku Prince Leopold wa Saxe-Coburg. Huyo Leopold baadaye, mwaka 1831, akawa mfalme wa kwanza wa Ubelgiji, na mwanawe ndiye Leopold wa Pili aliyejitwalia Kongo kama shamba lake binafsi. Wasomaji wetu wa Bukavu na Lubumbashi wanamjua mtoto kuliko baba. Ndege hawana habari na wote wawili.

Ndege wenyewe ni nani? Wengi kabisa ni wale wanaoitwa mari, jina la kisayansi Uria lomvia: mweusi mgongoni, mweupe tumboni, anasimama wima kama pengwini, lakini si pengwini hata kwa ukoo na anaruka vizuri tu. Uzito wake ni kama kilo moja. Watafiti waliohesabu pale miaka ya 1970 walipata takribani jozi 86,000 za mari peke yao. Ongeza shakwe wadogo waitwao kitiweki, ongeza fulma, ongeza gilemoti weusi wanaojificha kwenye nyufa, halafu fikiria wote hao wanapiga kelele kwa pamoja.

Sasa swali la kijana wako. Kosa ambalo karibu kila mtu hulifanya akitazama picha ile, nami nililifanya, ni kukitazama kisiwa. Kigeuzie mgongo utazame maji. Mari haishi Prince Leopold. Anaishi baharini, huko ndiko anakokula, anakolala, anakopitishia msimu wa baridi, mbali kusini kwenye maji ya Greenland na Newfoundland. Nchi kavu anaihitaji kwa jambo moja tu: yai halielei. Kama lingeelea, nadhani mari angeishi na kufa bila kukanyaga jiwe. Kwa hiyo usiulize kwa nini ameipenda nchi ya baridi. Uliza kwa nini chakula chake kiko baridini, na kati ya mawe yote yaliyo karibu na chakula hicho, lipi litamhifadhia yai lake.

Kuhusu chakula, wenyeji wa pwani yetu hushangaa kidogo. Bahari ya kwetu, ile ya buluu inayong'aa kwenye picha za watalii, inang'aa kwa sababu haina kitu. Jua linapasha tabaka la juu mwaka mzima, maji ya joto yanakaa juu ya ya baridi kama mafuta juu ya mchuzi, na mbolea yote inabaki chini gizani ambako mmea hauwezi kuitumia. Kule Aktiki, ukanda wa kaskazini kabisa ya dunia, baridi kali na dhoruba za vuli hukoroga bahari, mbolea inapanda juu, halafu inangoja. Mwanga unaporudi, unarudi wote: nyuzi 74 jua halizami tangu mwanzoni mwa Mei hadi karibu katikati ya Agosti. Mwani unaota mpaka kwenye tumbo la barafu, upande wa chini, kama ukoga ndani ya pipa la maji. Vijidudu jamii ya kamba vinaulamba mwani huo. Vijidudu vinaliwa na samaki mdogo aitwaye kodi wa Aktiki (msiogope, si ile ya TRA), ambaye huvizia kwenye nyufa za barafu. Kodi huyu ndiye uti wa mgongo wa kila kitu kule: ndege, sili (mnyama wa baharini anayekula samaki), nyangumi weupe, nyangumi wenye pembe moja, na kwa kupitia sili, dubu mweupe. Kuna wageni wanaouita mlangobahari ule Serengeti ya Aktiki. Naona wamezidisha, ila nimewaelewa.

Karamu hiyo lakini ni fupi. Mari wanafika Mei, barafu ingali imetanda. Mayai yanatagwa mwishoni mwa Juni na Julai. Ikiingia Septemba mari karibu wote wamekwenda. Ndani ya majuma machache hayo ndege lazima awe pale pale chakula kilipo. Hana muda wa kusafiri.

Tumebakiza jiwe. Hapa inabidi niwarudishe nyumbani. Miaka iliyopita nilipanda mashua ya wavuvi wa Kizimkazi kwenda Fungu Kizimkazi, kile kisiwa kidogo ambacho ramani nyingi hukiita Latham, kusini mashariki ya Unguja. Harufu inakufikia kabla hujakiona. Hakuna mti, hakuna kivuli, hakuna maji. Ni bamba la mwamba mweupe kwa mavi ya ndege, jua linapiga chini na linapiga tena likirudi juu. Ndege wa baharini wanazaa pale kwa maelfu, mayai yamelala chini kabisa, na mimi nikawa nahesabu kila hatua kama mtu anayevuka shamba la mabomu. Nikamuuliza mzee mmoja wa chombo kwa nini wasizae Unguja kwenye minazi. Akanitazama kidogo, akasema: "Unguja kuna panya, kuna paka, na kuna sisi."

Jibu lake linatosha na kule Prince Leopold, isipokuwa panya wa kule ni mbweha. Mbweha wa Aktiki hula yai, hula kinda, hula na mama akimpata. Na kisiwa peke yake hakimzuii, maana majira ya baridi bahari inakuwa daraja. Mbweha anatembea juu ya barafu mpaka kisiwani. Kinachomzuia ni ule ukuta. Miamba ile ni ya tabaka, na kila baridi maji yanaganda ndani ya nyufa na kuimega, tabaka laini zikiondoka na ngumu zikibaki, mpaka ukuta mzima umekuwa kama rafu za duka la vitabu, rafu juu ya rafu, nyingine upana wake haufiki wa kiganja. Mbweha hawezi kutembea hapo. Mari anaweza. Kwa hiyo ukuta mrefu wenye rafu, unaotazama maji yaliyojaa kodi, ni mali adimu sana. Pwani za Aktiki ni ndefu ajabu, lakini mahali penye vyote viwili kwa pamoja pako pachache, na ndiyo sababu ukiwakuta mari unawakuta makumi ya maelfu au humkuti hata mmoja. Wakati mwingine nikipita Mwanza nikaona ile miamba ya ziwani iliyopakwa chokaa na mnandi, huwa najiambia ni hesabu ile ile kwa kiwango cha mtaani: samaki karibu, adui mbali.

Mari hajengi kiota. Hana jani, hana udongo, hana hata kijiwe cha kuzuia. Yai moja, moja tu kwa mwaka, linawekwa juu ya mwamba mtupu, mzazi analikalia juu ya nyayo zake kwa siku kama 32, na jirani yuko karibu kiasi cha kugusana mabega. Eneo la familia nzima halizidi ukurasa wa gazeti.

Nikiwa masomoni nje niliwahi kufunguliwa droo ya mayai haya kwenye ghala la makumbusho. Yalikuwa yamelalia pamba, kila moja na kitundu kidogo ubavuni palipotolewa ute, na maandishi ya wino ya mtu aliyekufa zamani. Kitu cha kwanza kilichonigusa ni ukubwa: gramu 100 hivi likiwa bichi, karibu mara mbili ya yai la kuku, kutoka kwa ndege asiyemzidi kuku wa kienyeji. Cha pili ni umbo. Upande mmoja mnene, upande wa pili umechongoka kama pea. Cha tatu ni kwamba hayakufanana. Moja buluu iliyoiva, jingine kijani, jingine rangi ya maziwa. Mengine na madoa, mengine na michirizi kama mtu aliyejaribu kalamu, moja halina alama kabisa. Nilidhani wamechanganya ndege wa aina mbalimbali. Mlinzi wa ghala akacheka: ni ndege mmoja, mama tofauti.

Maana yake nikaielewa baadaye. Kwenye rafu yenye mayai mengi yaliyo wazi, mzazi analijua lake kwa sura, na mama yule yule hutaga yenye rangi ile ile mwaka hata mwaka. Kuhusu umbo, kwa muda mrefu tulifundishwa kwamba yai lililochongoka likisukumwa linazunguka duara dogo badala ya kubingirika na kuanguka. Nami nimelifundisha hivyo, Mungu anisamehe. Majaribio yaliyofanywa Uingereza miaka ya karibuni na mtafiti wa ndege Tim Birkhead na wenzake, wakitumia mayai ya binamu wa mari huyu, yalionyesha kwamba jambo kubwa zaidi ni utulivu: ubavu wa yai lile ni mrefu na ulionyooka, unagusa mwamba kwa eneo kubwa, kwa hiyo hata kwenye mteremko yai halianzi kubingirika kabisa. Darasani mnaweza kulijaribu. Finyangeni mayai mawili ya udongo wa mfinyanzi, moja la mviringo wa kawaida na moja lenye umbo la pea, muyaache yakauke, halafu inueni ubao polepole.

Majirani nitawapitia haraka. Kitiweki ni shakwe aliyeamua kujenga: hupachika kiota cha matope na majani kwenye kijiwe kilichochomoza, mahali ambapo hata mari asingesimama. Fulma anataka rafu pana kidogo na anazeeka kama binadamu; wapo waliopita miaka arobaini. Ukimkaribia anakutemea mafuta ya tumboni yenye uvundo usiotoka kwenye nguo hata kwa sabuni ya magadi, na jina lake kwa lugha ya zamani ya watu wa Skandinavia maana yake ni shakwe anayenuka. Juu yao wote wanazunguka shakwe wakubwa weupe na kunguru, wakingoja mzazi ateleze. Kwa hiyo ukuta unamzuia mbweha, haumzuii mwenye mabawa. Dhidi ya huyo dawa ni kujaa. Midomo elfu moja inayoelekezwa nje inamfanya shakwe afikiri mara mbili.

Sasa nije kwako mwenyewe, Mwalimu. Kweli kisiwa hakina mtu, ukiacha watafiti wachache wanaokuja kiangazi, kupiga kambi juu ya uwanda na kujilaza ukingoni na darubini. Kazi ilianza kwa utaratibu mwaka 1975 chini ya idara ya wanyamapori ya Kanada. Huwezi kuhesabu ukuta mzima kila mwaka; unachagua vipande maalumu, unavichora au kuvipiga picha, halafu unavihesabu vile vile, siku kwa siku, mwaka kwa mwaka, saa ile ile. Ni kazi ya kuchosha hasa. Lakini wakafanya na kitu kingine: kila baada ya miaka michache walichukua mayai kadhaa ya mari, fulma na kitiweki, wakayapima na kugandisha masalia kwa ajili ya kupima tena siku za mbele. Yai ni kitu kizuri kwa kazi hiyo, maana mama anaweka ndani yake kile alichokula.

Mayai hayo yamesema nini? Yale masalia ya DDT, dawa ya kuua wadudu, na kemikali za PCB zilizotumika kwenye vifaa vya umeme yamepungua sana tangu nchi zilipoanza kuzipiga marufuku. Habari njema, na ni ushahidi kwamba katazo likifuatwa linafanya kazi. Zebaki haikufuata njia hiyo. Iliendelea kupanda kwenye mayai ya mari na fulma tangu miaka ya 1970 hadi mwanzoni mwa miaka ya 2000, ndipo ikaanza kutulia.

Wewe uko Geita. Zebaki sihitaji kukufafanulia. Mchimbaji mdogo akishachenjua mchanga mwaloni, pale wanapooshea mchanga wa dhahabu, anachanganya na zebaki ikamate dhahabu, halafu anachoma. Dhahabu inabaki, zebaki inakwenda. Inakwenda wapi? Kwanza kwenye mapafu yake na ya mkewe kama anachomea jikoni. Inayobaki inapanda hewani ikiwa mvuke, na mvuke wa zebaki unaweza kuzunguka angani miezi mingi, hata mwaka, kabla haujashuka popote. Umoja wa Mataifa ulipokusanya hesabu za mwaka 2015 ulikuta uchimbaji mdogo wa dhahabu duniani ndio unaotoa zaidi ya theluthi ya zebaki yote inayotoka kwa shughuli za binadamu kwenda hewani, ukifuatiwa na uchomaji wa makaa ya mawe. Hakuna awezaye kukuonyesha chembe iliyotoka machimbo ya Nyarugusu, huko kwenu Geita, ikafika kwenye yai la fulma. Sehemu kubwa ya inayofika Aktiki hutokea Asia. Lakini mfuko wa hewa ni mmoja na sote tunachangia. Ikishashuka baharini, bakteria huigeuza kuwa aina inayokaa mwilini, kijidudu kinaikusanya, kodi anaikusanya zaidi, ndege zaidi tena. Ndiyo sababu mkataba wa Minamata wa mwaka 2013, ule wa kimataifa wa kudhibiti zebaki, unawahusu kwa pamoja mwalo wa kwenu na jiwe la kule.

Plastiki nayo imefika. Fulma huokota chakula juu ya maji bila kuchagua sana, na vipande vya plastiki vimekutwa matumboni mwa fulma wa Aktiki ya Kanada. Kwenye mayai machache ya fulma yaliyochukuliwa Prince Leopold, watafiti walitangaza mwaka 2019 kwamba moja lilikuwa na fthaleti, kemikali ya kulainishia plastiki. Yai hilo halijawahi kugusa maji.

Tangu mwaka 1992 kisiwa ni hifadhi ya ndege wahamao, na mwaka 2019 serikali ya Kanada na chama cha Wainuit wa Qikiqtani walitia saini makubaliano kuhusu eneo kubwa la hifadhi ya bahari linalokizunguka, lenye kilomita za mraba kama 108,000. Limepewa jina la wenyeji wenyewe, Tallurutiup Imanga. Safari hii hakutafutwa mtoto wa mfalme.

Najua swali linalofuata, maana huwa linafuata: barafu inayeyuka, je, si nafuu kwao, maji yafunguke mapema? Jibu linategemea uko wapi. Prince Leopold kwenyewe, mwaka ambao barafu imechelewa kuondoka ndio mwaka mbaya: mari wanataga kwa kuchelewa, wanaruka mbali kutafuta maji wazi, makinda yanakonda. Ukitazama hapo tu ungesema joto lije. Lakini tuteremke kusini kwenye kisiwa cha Coats, mlangoni mwa ghuba ya Hudson, ambako mari wale wale wamefuatiliwa miaka mingi na timu ile ile. Huko barafu imekuwa ikiondoka mapema zaidi, kodi wa Aktiki wamepungua kwenye midomo ya wazazi wanaorudi na samaki wa maji yenye joto zaidi wakashika nafasi yao, dubu waliokosa barafu ya kuwindia sili wamegeukia mayai, na kuna mbu. Ndiyo, mbu. Siku za joto zisizo na upepo wanawafunika mari miguuni, kwenye ngozi iliyo wazi, na mari aliyekalia yai haondoki. Mgongo mweusi, jua, damu inanyonywa, maji ya mwili yanakwisha. Wengine wamekutwa wamekufa juu ya yai. Sisi tuliozaliwa kwenye mbu tunaweza kudhani hakuna jipya hapo, ila ndege yule mwili wake umetengenezwa kuhifadhi joto, hauna namna ya kulimwaga. Kwa hiyo kinachowanufaisha wa Prince Leopold leo kinaweza kuwa ndicho kitakachowafika kesho wakiwa mahali walipo wenzao wa Coats sasa.

Na mwisho, kinda.

Mwambie yule kijana kwamba wazazi hawajamchoka mtoto, wamepiga hesabu. Mari ana mabawa mafupi kwa sababu anayatumia kama makasia. Anaweza kuzama mita mia moja, na amepimwa akipita mita 200, akipiga mabawa chini ya maji gizani kumfukuza samaki. Kasia zuri ni bawa baya. Watafiti waliompima wakaona akiwa angani anatumia nguvu mara 31 ya anazotumia akiwa ametulia, gharama kubwa kuliko ya ndege yeyote aliyewahi kupimwa. Halafu mari hubeba samaki mmoja tu mdomoni kwa safari moja. Mmoja! Safari ya makumi ya kilomita, kwenda na kurudi, kwa samaki wa kidole. Kinda akiwa mdogo inawezekana. Akifika majuma matatu njaa yake imekua, na wazazi wawili wakiendelea hivyo watakonda wao wasimshibishe yeye. Ni rahisi zaidi kumpeleka mtoto kwenye chakula kuliko kumletea mtoto chakula. Basi anapelekwa.

Wakati huo kinda ana uzito wa kama robo ya mzazi, na manyoya ya kurukia hayajaota. Ana vinyoya vifupi tu vya kumwezesha kuelea hewani kidogo. Huwa ni jioni, jua liko chini ingawa halijazama sana. Anasogea ukingoni, anarudi, anasogea tena, analia kwa mlio mwembamba ambao hakuwa nao juzi. Baba yuko nyuma yake anamjibu kwa sauti nzito. Halafu anajirusha. Hadondoki kama jiwe. Anapepea kwa vibawa vile, anashuka kwa mshazari mrefu kuelekea bahari, na baba anaruka naye, ubavu kwa ubavu, karibu sana, akimkinga na shakwe wanaongoja. Wakitengana angani, majini kuna vichwa mamia vinavyoelea na kila kimoja kinaita.

Hapo ndipo yale majuma matatu ya kubanana yanapolipa. Tangu yai lilipoanza kupasuka, baba na kinda wamekuwa wakisikizana, na kila mmoja anaijua sauti ya mwenzake kati ya makelele yote yale. Kinda anaita, baba anaita, wanaogeleana mpaka wanagusana midomo. Kisha wanageuka kuelekea mashariki na kuanza safari kwa kuogelea, mamia ya kilomita kuelekea maji ya Greenland. Njiani baba anapukutisha manyoya yake ya mabawa, kwa hiyo naye hawezi kuruka. Kwa majuma kadhaa wako sawa, baba na mtoto, wote wanakwenda kwa miguu na makasia, na yeye peke yake ndiye anayemlisha.

Mama hakwenda. Amebaki ukutani. Kwa siku kadhaa zaidi, wakati mwingine majuma mawili, anarudi kutoka baharini na kusimama pale pale palipokuwa na yai, pale penye ukubwa wa ukurasa wa gazeti, na jirani akimsogelea anamdonoa.